Vitabu vya marais wakati wa vita: kikundi chetu cha Mwanza kianzie wapi?

MsomajiWaIgogo

Mwadila wakuu.

Tuko kikundi cha watu 11, tunakutana kila Jumamosi saa 10 jioni Kirumba. Riwaya tumezimaliza, sasa tunataka vitabu kuhusu marais waliokuwa madarakani wakati wa vita: waliamuaje, nani aliwashauri, na amani waliitafuta kwa njia gani. Tuna Jumamosi 10. Kiwango chetu ni kurasa 40 kwa wiki. Zikizidi hapo wasomaji wanapungua na visingizio vinaongezeka.

Wapo wanaotaka Team of Rivals ya Doris Kearns Goodwin, kuhusu Rais Lincoln wa Marekani na mawaziri wake, isomwe yote, wapo wanaosema tuanze nyumbani na Vita vya Kagera. Nusu yetu kitabu kizima cha Kiingereza kinawachosha. Halafu mjadala wowote unaomgusa Mwalimu Nyerere huwa na njia mbili tu: alikuwa mtakatifu, au alifilisi nchi. Tusomeje ili watu wajadili kilichoandikwa badala ya walichokuja nacho kutoka nyumbani?

Vitabu, mpangilio, uendeshaji wa kikao, vyote napokea.

Mwl_Malimbe

Piga hesabu kwanza, mkuu. Kurasa 40 mara Jumamosi 10 ni kurasa 400. Team of Rivals ina zaidi ya 700 kabla hujafika kwenye tanbihi. Haiingii, na wala hamuihitaji yote.

Vikundi vinavyosoma wasifu wa marais huharibikiwa ukurasa wa kwanza. Mwandishi anaanza na babu, shamba, shule, mchumba, kesi za uwakili. Mpaka risasi ya kwanza ilie, wiki nne zimekwisha na nusu ya watu hawaji tena. Vitabu hivi fungueni kwa nyuma, kwenye faharasa. Tafuteni uamuzi mmoja wenye tarehe, someni kurasa 20 kabla yake na 20 baada yake. Hapo mmepata kurasa zenu 40 na kikao kina jambo la kujadili.

Kila msomaji aje na kadi ya uamuzi huo, hata kipande cha daftari kinatosha. Upande wa mbele: tarehe, rais alijua nini asubuhi ya siku hiyo, nani alimpinga na kwa hoja gani, njia gani nyingine zilikuwepo, masharti gani ya amani alikuwa tayari kuyakubali. Habari yoyote ya baada ya tarehe hiyo inaandikwa nyuma ya kadi. Nusu saa ya kwanza hakuna kugeuza kadi. Mtu akisema "lakini baadaye ilikuja kuonekana...", mwenyekiti anamkata. Inaonekana kama mchezo wa watoto, ila ndiyo dawa ya ule mjadala wa mtakatifu na mfilisi, kwa sababu hukumu zote mbili ziko nyuma ya kadi.

Mfano wa kuanzia: Lincoln, 23 Agosti 1864. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, kaskazini dhidi ya majimbo ya kusini yaliyojitenga, viko mwaka wa nne. Majenerali wake wawili hawasongi: jeshi la Grant limekwama mbele ya Petersburg, la Sherman liko nje ya Atlanta na mji haujaanguka. Uchaguzi ni Novemba. Siku iliyotangulia, Henry Raymond, mwenyekiti wa kamati ya chama chake, amemwandikia kwamba majimbo makubwa yanawaponyoka na kwamba inafaa apeleke wajumbe Richmond, makao makuu ya kusini, kutoa pendekezo la amani. Lincoln anaandika karatasi fupi: inaelekea serikali hii haitachaguliwa tena; kwa hiyo wajibu wake utakuwa kushirikiana na rais mteule kuuokoa Muungano kati ya uchaguzi na siku ya kuapishwa, maana mshindi atakuwa amepata kura kwa ahadi zitakazomfanya ashindwe kuuokoa baada ya hapo. Anaikunja, anaifunga, kisha anawataka mawaziri waweke saini kwa nje bila kusoma kilichomo. Wanasaini.

Kesho yake, 24 Agosti, anaandika rasimu ya barua ya kumruhusu Raymond mwenyewe aende Richmond kupendekeza vita viishe kwa sharti la Muungano tu, mengine yote yaachwe kwa njia za amani. Someni mara mbili: "mengine yote" maana yake ni utumwa. Tarehe 25 wanakutana, na barua haitumwi.

Upande wa mbele wa kadi unaishia hapo. Nyuma ndipo mnaandika kwamba Atlanta ilianguka 2 Septemba, Lincoln akachaguliwa tena 8 Novemba kwa kura 212 za wajumbe dhidi ya 21, na 11 Novemba akaifungua ile karatasi mbele ya mawaziri. Anayeanza na upande wa nyuma anaona rais mwenye subira aliyejua atashinda. Anayeanza na upande wa mbele anaona mtu aliyeandika sharti jepesi la amani siku moja, akaliacha kesho yake, huku akiamini anashindwa uchaguzi. Ni vitabu viwili tofauti vinavyotoka kwenye kurasa zilezile.

Wiki ya pili chukueni 22 Julai 1862. Anawasomea mawaziri rasimu ya tangazo la kuwaachia huru watumwa, Seward, waziri wa mambo ya nje, anashauri lisubiri ushindi vitani lisije likaonekana kilio cha serikali iliyoishiwa. Linawekwa kabatini mpaka baada ya mapigano ya Antietam, 17 Septemba, likatolewa siku tano baadaye, likaanza kazi 1 Januari 1863. Hapa Goodwin ndiye anayefaa, kwa sababu kitabu chake ni cha baraza la mawaziri. Kwa Lincoln kama Amiri Jeshi Mkuu, someni Tried by War ya James McPherson (2008). Ni kifupi na hakina habari za utotoni. Barua na karatasi za Lincoln mwenyewe ziko bure mtandaoni. Ile ya 23 Agosti ni aya moja, mtu mmoja aitafsiri, isomwe kwa sauti.

Kamanga_Feri

Mwalimu, kadi nimeikubali, mpangilio nimeukataa. Anzeni Kagera. Kikundi cha Mwanza hakihitaji ramani ya Virginia kujifunza kugeuza kadi, na Kagera ina maandishi ya Kiswahili, kitu ambacho Lincoln hana.

Kuzama kwa Idi Amin cha Baldwin Mzirai kilitoka 1980, vita vikiwa bado vya moto. Kiswahili chake ni chepesi, nusu ya kikundi isiyopenda Kiingereza ianze nacho. Udhaifu wake ni ule wa kitabu chochote kilichoandikwa upande wa mshindi mwaka mmoja baadaye: adui ni kichekesho na kila amri ya upande wetu inaonekana ilipangwa. Kisha kuna utenzi wa Henry Muhanika kuhusu Vita vya Kagera na anguko la Amin, wa 1981. Huo msiutumie kwa tarehe. Utumieni kujua watu walitakiwa kuhisi nini, na usomwe kwa sauti, beti kumi zinatosha kikao kimoja. Cha tatu ni War in Uganda cha Tony Avirgan na Martha Honey (1982), waandishi wa habari waliokuwa wakiishi Dar es Salaam. Ndicho chenye mpangilio mzuri wa siku kwa siku.

Sasa kadi. Watu wote huandika "Nyerere aliamua kumpiga Amin" kana kwamba ni uamuzi mmoja. Hesabuni vizuri, ni minne.

2 Novemba 1978 ni hotuba ya redio, ile ya uwezo, sababu na nia. Mbele ya kadi kuna uvamizi wa 30 Oktoba, na tangazo la Amin la 1 Novemba kwamba ardhi yote ya kaskazini ya mto Kagera sasa ni ya Uganda. Wengi watawaandikia pia daraja la Kyaka kulipuliwa. Wakateni: Waganda walilibomoa 3 Novemba, siku moja baada ya hotuba. Hilo peke yake litawaonyesha jinsi kumbukumbu inavyopanga sababu kwa namna ya kupendeza.

Januari 1979 ni uamuzi wa pili: majeshi yetu yanavuka mpaka na kuichukua Mutukula. Wavamizi walishaondoka kwenye ardhi yetu. Swali la kadi hii ni zito kuliko la Novemba.

Februari, Masaka na Mbarara. Shabaha iliyotajwa ilikuwa kulipiza yaliyofanyika Kagera na kuwapa Waganda nafasi ya kumwondoa Amin wenyewe. Ni uamuzi wa tatu, na haukuwa wa kwenda Kampala.

Machi ndipo wa nne. Libya imeleta askari, mapigano ya Lukaya ni 10 na 11 Machi, mkutano wa Waganda waliokuwa uhamishoni unafanyika Moshi 24 hadi 26 Machi, Kampala inaanguka 11 Aprili.

Kwa pembeni tu: siku chache baada ya Moshi, ndege ya Libya aina ya Tupolev Tu-22 ililenga matangi ya mafuta hapa Mwanza, ikakosa. Mabomu yakaangukia Saanane na kuua swala. Kila anayepanda boti kwenda kisiwani kutazama wanyama anapita kwenye ukurasa wa vita hivi.

Na ramani iwe mezani. Mpaka wa huko ni mstari wa nyuzi 1 kusini, Waingereza na Wajerumani waliuchora 1890 bila kuujali mto. Ndiyo maana kuna kama kilomita za mraba 1,800 za Tanzania ng'ambo ya Kagera, na daraja likikatwa zinabaki zinaning'inia. Bila ramani hiyo, Kyaka ni jina tu.

BintiNyamanoro

Kaka Kamanga umepanga vizuri, ila umeishia Kampala kama wanavyoishia wote. Mada ya huyu ndugu ina neno "amani" ndani yake.

Ongezeni kadi ya tano: nani atawale? Yusuf Lule aliapishwa kuwa rais wa Uganda 13 Aprili 1979, akaondolewa 20 Juni, siku 68. Godfrey Binaisa akafuata, akaondolewa Mei 1980. Desemba 1980 ukafanyika uchaguzi uliomrudisha Obote, matokeo yakapingwa, na Februari 1981 Museveni akaingia msituni. Askari wetu walikuwa bado Uganda muda mwingi wa kipindi hicho. Mkilijadili Moshi bila haya, mtasema mkutano ule ulifanikiwa. Ulifanikiwa kupata serikali ya kuingia nayo mjini. Baraza lililoundwa Moshi lilikusanya makundi zaidi ya 20 ambayo kilichoyaunganisha ni kumchukia Amin, na Amin alipotoka, gundi ikatoka naye.

Kadi ya sita ni ya OAU, Umoja wa Nchi Huru za Afrika. Umoja ule ulitaka kusuluhisha, Nyerere akataka kwanza uvamizi ulaaniwe, Amin ayaache madai ya ardhi, na fidia ilipwe. OAU haikulaani. Linganisheni na barua ya Lincoln ya Julai 1864, aliyoiandika kwa yeyote itakayemhusu: amani irudi, Muungano ubaki mzima, utumwa uachwe, ndipo pendekezo lolote litapokewa. Marais wote wawili waliweka masharti ambayo upande wa pili usingeyakubali bila kushindwa. Je, hiyo ni kutafuta amani au ni kutaja bei ya ushindi? Hapo ndipo penye mjadala wa kikao kizima, na hauhitaji mtakatifu wala mfilisi.

Halafu gharama ihesabiwe bila woga. Watu waliambiwa wafunge mikanda miezi 18. Ilipopita, mikanda ilikuwa bado imefungwa. Ila msilitupie vita kila kitu: bei ya mafuta ilipanda duniani 1979, na Jumuiya ya Afrika Mashariki ilikuwa imevunjika 1977. Atakayeleta hoja ya uchumi alete zote tatu.

MsomajiWaIgogo

Ahsanteni sana, nimeshaanza kukata kadi. Mmenishawishi: Kagera kwanza, Lincoln baadaye.

Mawili yamebaki. Mwenzetu mmoja anataka usuluhishi wa vita vya Burundi kwa sababu ulianzia hapahapa Mwanza. Kuna kitabu, au ni mkataba wenyewe tu? Pili, kumbukumbu zilizoandikwa na wakubwa wenyewe zisomwe vipi? Wengine wanasema ni kujisafisha tu, tusizipoteze muda.

Itifaki_5

Kwa Burundi someni mkataba, mdogo wangu. Watu huogopa mikataba wakidhani ni ya wanasheria. Wa Arusha umeandikwa kama kitabu, una sura, na sura ya kwanza ni historia.

Mpangilio wa matukio kwanza. Mazungumzo ya Mwanza yalikuwa mawili mwaka 1996, Aprili na Juni, Nyerere akiwa msuluhishi, wakubwa mezani wakiwa vyama vya siasa vya FRODEBU na UPRONA. (Katikati ya vikao hivyo, 21 Mei, MV Bukoba ikazama. Mji ulikuwa na mambo mawili ya kubeba kwa wakati mmoja.) Hayakuzaa makubaliano. Mwishoni mwa Juni, mkutano wa viongozi Arusha ukazungumzia msaada wa ulinzi kutoka nchi za jirani, jambo lililozua hasira Bujumbura, na 25 Julai Meja Pierre Buyoya akaipindua serikali na kuchukua nchi. Tarehe 31 Julai majirani wakaweka vikwazo. Mazungumzo mapya yakafunguliwa Arusha Juni 1998, vikwazo vikasimamishwa Januari 1999, Nyerere akafariki 14 Oktoba 1999, Mandela akateuliwa kuendeleza, na mkataba ukasainiwa 28 Agosti 2000.

Kadi nzuri ni ya Mwanza Juni 1996. Wekeni mbele vyama viwili vilivyokaa mezani. Kisha andikeni majina ya wenye silaha msituni ambao hawakukaa. Tatizo la usuluhishi wote ule liko kwenye pengo hilo, na lilidumu mpaka Arusha: waliosaini walikuwa 19, lakini CNDD-FDD na FNL, makundi ya wapiganaji wa msituni, hawamo. Kwa hiyo Burundi ikawa na mkataba wa amani na risasi zinaendelea. Hapa Kiswahili kinawasaidia kuliko Kiingereza cha magazeti, mradi msichanganye maneno. Kusitisha mapigano ni jambo moja, mkataba wa amani ni jingine. Nchi nyingi hupata la kwanza kisha la pili. Burundi ilipata la pili 2000, na la kwanza na CNDD-FDD likasainiwa Desemba 2002, likashika kweli baada ya makubaliano ya Pretoria mwishoni mwa 2003. Mwenyekiti akiwasikia watu wanasema "amani ilisainiwa", aulize: ipi?

Jingine ni msuluhishi na mpatanishi. Katika mazungumzo ya kila siku yanabadilishana, lakini kwenye kikao yatenganisheni. Mpatanishi anawarudisha watu kwenye uelewano. Msuluhishi anashughulikia masharti, na anaweza kuwabana. Nyerere alikuwa na vikwazo vya majirani nyuma yake, na Waburundi wengi walimwona anaelemea upande mmoja kwa ajili hiyo. Mandela alikuja na uzito wa jina na ukali wa kuwasema wanasiasa hadharani. Jadilini kipi kilisukuma nini, msijadili nani alikuwa mwema.

Mkataba una itifaki tano: asili ya mgogoro pamoja na mauaji ya kimbari na kutengwa; demokrasia na utawala bora; amani na usalama kwa wote; ujenzi mpya na maendeleo; na dhamana za utekelezaji. Msiusome wote. Chukueni ya kwanza, iliyoandika historia ambayo pande zote zilipaswa kuisaini (tazameni jinsi sentensi zinavyokwepa), na sehemu ya jeshi katika ya tatu, inayosema hakuna kabila litakalozidi nusu ya jeshi. Hivyo viwili vinaingia ndani ya kurasa 40. Matini yapo bure kwenye tovuti ya usuluhishi ya Umoja wa Mataifa. Anayejua Kifaransa asome kwa Kifaransa, wenzake walinganishe na Kiingereza. Mahali ambapo maneno hayalingani ndipo palipogombaniwa.

Mwl_Malimbe

Mzee Itifaki ameniondolea kazi. Nijibu la kumbukumbu za wakubwa.

Hazipotezi muda, ila hazisomwi peke yake. Kila kumbukumbu isomwe sambamba na karatasi au sauti ya siku ileile. Mfano safi ni Vietnam. Azimio la Ghuba ya Tonkin, lililompa rais ruhusa ya kutumia jeshi huko, lilipita 7 Agosti 1964, kura 416 kwa 0 katika Baraza la Wawakilishi na 88 kwa 2 katika Seneti. Robert McNamara, waziri wa ulinzi wa wakati ule, alitoa kumbukumbu zake In Retrospect mwaka 1995, akikiri makosa. Ukisoma hizo tu unadhani waliingia gizani. Sasa sikilizeni Lyndon Johnson kwenye simu na Seneta Richard Russell, 27 Mei 1964: rais anasema waziwazi haoni vita vile vinamfikisha wapi, wiki kumi kabla ya kuomba azimio. Sauti ipo bure mtandaoni. Nendeni nayo kwenye flashi, msitegemee mtandao wa Jumamosi jioni. Kadi itawaonyesha kwamba hakukosa mashaka. Alikosa njia ya kutoka isiyomgharimu uchaguzi wa Novemba. Kumbukumbu za mtu huweza kukiri kosa kubwa ili zisikiri dogo linaloumiza zaidi.

Hivyohivyo kwa Mkapa: alikuwa waziri wa mambo ya nje tangu 1977 hadi 1980, na aliandika My Life, My Purpose (2019). Someni kurasa za miaka hiyo tu, mzilinganishe na kadi ya OAU ya dada Nyamanoro.

Woodrow Wilson, rais wa Marekani wa Vita vya Kwanza vya Dunia, msimuache, hata kama ni Jumamosi moja. Kwa kitabu, Peacemakers ya Margaret MacMillan (2001), ambayo Marekani inaitwa Paris 1919. Msianze na zile hoja zake 14 za amani. Anzeni na Ibara ya 22 ya katiba ya Umoja wa Mataifa wa zamani (League of Nations), ile ya udhamini wa makoloni ya walioshindwa, kwa sababu ndiyo iliyoitoa Mwanza kwa Mjerumani na kuiweka chini ya Mwingereza, huku Ruanda-Urundi ikienda kwa Mbelgiji. Burundi ya mzee Itifaki inaanzia chumba kilekile. Kisha kadi: Desemba 1918 Wilson anapanda meli kwenda Paris bila seneta hata mmoja wa chama pinzani ambacho ndicho kitashika Seneti. Nyuma ya kadi: kura ya mwisho ya Seneti juu ya mkataba wa amani aliourudisha, 19 Machi 1920, ni 49 kwa 35, pungufu kura 7 za theluthi mbili. Na wengi waliopinga siku hiyo walikuwa watu wa Wilson mwenyewe, aliowaambia wasikubali marekebisho. Amani yake iliuawa pia na kura zake.

Kwa tatizo la Kiingereza: msigawe kitabu kwa sura, gawaneni kwa kazi. Watu wanne wanasoma kurasa 40 kamili. Wanne wanasoma karatasi asili ya siku ile, ambayo mara nyingi ni kurasa mbili au tatu, na wanaileta kwa Kiswahili. Wawili wanashika ramani na tarehe. Mmoja ni mwenyekiti na hasomi hoja yoyote, kazi yake ni kulinda kadi zisigeuzwe. Zungusheni kila wiki. Mnachopoteza ni kwamba hakuna aliyemaliza kitabu. Kubalini hilo siku ya kwanza, vinginevyo kuna mtu atanung'unika mpaka wiki ya 10.

Kamanga_Feri

Kabla hamjanunua chochote, pitieni Maktaba ya Mkoa na ya chuo kikuu cha SAUT, Malimbe, muone kipi kipo. Vya miaka ya 1980 vimeshaisha madukani, mnavyotafuta ni nakala za zamani, hata kwa wauza vitabu vya mtumba. Wasifu wa Nyerere wa Shivji, Yahya-Othman na Kamata, Development as Rebellion (2020), ni vitabu vitatu kwenye kasha; changieni kasha moja la kikundi, likae kwa mtu mmoja, watu wapige picha kurasa za uamuzi husika tu. Msidurufu kitabu kizima, waandishi wa hapa nao wanakula.

MsomajiWaIgogo

Nimepanga hivi, nikosoeni: Kagera Jumamosi nne (Novemba, Januari, Februari na Machi pamoja, kisha Lule na OAU). Lincoln mbili, Wilson moja, Johnson moja, Burundi mbili. Jumla 10.

BintiNyamanoro

Kagera ya tatu umeibana. Februari na Machi ukiziunganisha, watu watarudi kulekule kwa "tulienda Kampala". Mpunguzie Lincoln: tangazo la 1862 lieleze kwa dakika 15 mwanzoni, Jumamosi nzima iwe ya Agosti 1864. Na OAU itenge na Lule, iende pamoja na Lincoln huyo siku moja, masharti ya huyu na ya yule ubaoni. Jumla inabaki 10.

MsomajiWaIgogo

Sawa dada, nimebadilisha. Jumamosi hii ni 2 Novemba 1978. Ramani ya Kagera naichapa kubwa, mstari wa nyuzi 1 kwa kalamu nyekundu, na daraja la Kyaka nalichora likiwa zima.